Pumzi ya Jabez Crook

Jambo la kwanza lilikuwa dogo: mpira ulikuwa na joto.

Januari ya Lancashire ina baridi ya kung'ata hadi meno ya bandia, na mpira ule ulikuwa umelala wiki nzima chini ya ngazi nyumbani kwa Enoch Tattersall, kwenye sakafu ya mawe. Ulipaswa kuwa baridi kama pua ya mbwa. Enoch alipouokota Jumamosi asubuhi, ulikuwa na joto la mtu aliyetoka kitandani sasa hivi.

Mwingine angeutupa mferejini. Lakini Enoch alikuwa winga wa kulia wa Thornbeck, analipwa kucheza, tena hadharani, tangu wakubwa wa mpira walipokubali malipo mwaka uliopita, 1885. Mtu anayekula kwa miguu yake hana nafasi ya kuogopa ngozi ya ng'ombe, hasa kama goti moja limeshakufa. Goti hilo lilikuwa siri yake na ya mkewe, Selina. Siri ikivuja, Bwana Haworth, katibu wa klabu, angemrudisha kiwandani kuchambua pamba, kwenye vumbi lililomla baba yake mapafu akiwa na miaka thelathini na minne. Enoch alikuwa na thelathini na moja. Hesabu hiyo haihitaji shule.

Sasa sikia kosa lake, maana ni kosa la wacheza mpira peke yao. Pale Thornbeck mpira ulijazwa na golikipa, Jabez Crook, kwa kuwa golikipa hukimbia kidogo kuliko wote na kubweka sana kuliko wote. Alipuliza kibofu cha nguruwe kwa mdomo, kupitia shina la kiko cha udongo, akakifunga shingo kwa uzi, akakaza kamba za ngozi juu yake. Jabez alidaka kwenye mvua Jumamosi moja, Jumatatu akajaza mpira, Alhamisi mapafu yakamuua. Na kila mchezaji wa pale anajua kwamba pumzi ya marehemu haichezewi. Rafiki yake hupiga magoti kaburini, akafungua uzi, akaiachia iende zake. Rafiki alikuwa Enoch. Lakini kupiga magoti mbele ya Bwana Haworth, na goti limevimba kama boga?

"Nitaufungua nyumbani," alisema pale makaburini. "Kwa utulivu."

Hakuufungua. Na Jumamosi hiyo alipouona umelegea kidogo, akachukua shina la kiko na kupuliza pumzi yake juu ya pumzi ya maiti.

Walicheza na Ravensfold. Beki aliyemkaba Enoch alikuwa pande la mtu, shingo hana.

"Babu, nikubebe mgongoni?" beki akamuuliza.

"Beba tumbo lako kwanza."

Mpira ukapigwa mbele, mbali, mahali ambapo hata kijana mwenye magoti mapya asingewahi. Ukasimama. Kwenye tope la kuteleza, mpira ukasimama ukamngoja. Enoch akaufikia akichechemea, akapiga, goli. Mara ya pili hivyo hivyo. Mara ya tatu beki yule alikuwa mbele yake hatua nne, na mpira ukamkwepa beki, ukarudi nyuma.

"Umeona?" beki akasema, naye hakuwa anacheka tena. "Ule mpira umeona?"

Kwenye baa walikobadilishia nguo, Bwana Haworth akampiga Enoch begani. "Sijui mkeo anakulisha nini. Namba yako hiyo, mpaka nusu fainali ya kombe na zaidi."

Enoch akacheka. Kicheko kikakatika katikati. Hewa ilikuwa imeisha.

Kesho yake mchana Selina alikuwa anamenya viazi, na mumewe yuko ng'ambo ya meza anasugua goti kwa mafuta, aliposikia mtu anakoroma.

"Umelala, Enoch?"

"Unaniona niko macho."

Wakatega masikio wote wawili, wakaisikia vizuri, pumzi nzito ya mtu mwenye kifua kibovu, ikivutwa ndani polepole na kutolewa nje polepole kutoka chini ya ngazi, na kila ilipotolewa ilikuja na harufu ya kitunguu kibichi na tumbaku ya kutafuna, harufu ambayo Selina aliijua kwa sababu ilishakaa kwenye meza ile ile mara nyingi ikiomba kuongezwa mchuzi, ila sasa ilichanganyika na udongo uliolowa.

"Huyo Jabez," Selina akanong'ona. "Umpeleke kwa Pilling, yule mchinja nguruwe. Leo."

"Baada ya nusu fainali."

"Unapanda ngazi kwa kupumzika mara tatu, mume wangu."

"Nikimpeleka leo, Jumamosi nitacheza na nini?"

"Na miguu yako."

"Upi?"

Selina akarudi kwenye viazi vyake.

Jumamosi Enoch akaujaza tena, akafunga magoli mawili, na Thornbeck wakaingia fainali. Yeye wakamrudisha nyumbani kwenye mkokoteni, midomo ya bluu, kila pumzi anaitafuta kama mtu anayetafuta sarafu gizani. Selina hakumuuliza tena mtu. Jumapili asubuhi, majirani wakiwa kanisani, akaenda kumleta Ezra Pilling, aliyewauzia vibofu timu zote za bonde lile, na ambaye watu walimwendea kwa mambo yasiyosemwa mbele ya mchungaji.

Pilling akaweka sikio kwenye mpira. Akalitoa haraka.

"Mmo wawili humu," akamwambia Enoch. "Pumzi yako iko juu ya yake, na anaila. Ukiitoa yote nje, unakwenda naye."

"Sasa?" Selina akauliza.

"Ya mwisho kuingia ndiyo ya kwanza kutoka. Enoch ataivuta mwenyewe kwa mdomo, arudishe iliyo yake. Wewe, Bi Tattersall, shika shingo ya kibofu. Ukisikia kitunguu tu, bana. Usingoje harufu ya pili. Itakayobaki nitakwenda kuimwaga mimi kaburini kwake."

Wakakitoa kibofu kwenye ngozi yake, cheupe, kina mishipa, kinapanda na kushuka. Pilling akafungua uzi. Enoch akaweka mdomo akavuta, na rangi ikamrudia kwanza masikioni, halafu mashavuni, midomo ikaacha ubluu, naye Selina aliyekuwa hajalala usiku kucha akaanza kulia bila sauti, vidole vyake viwili vikiwa tayari, pua yake ikinusa kama ya mbwa wa mlinzi, mpaka kitunguu kikaja, chembamba, cha mbali, akabana.

Mkono wa Enoch ukamkamata kifundo cha mkono.

Alikuwa anaangalia goti lake. Uvimbe ulikuwa unashuka tangu kile kitunguu kiingie. Alilikunja, akalikunjua, bila kukunja uso, na akamtazama mkewe kwa macho ya mtu anayeomba kidogo tu, kidogo tu, fainali moja, kisha akaanza kuvichomoa vidole vyake kimoja kimoja kwenye shingo ya kile kibofu, na Selina akasema, "Enoch, acha, nakuomba, hiyo si yako," na Pilling akamvuta Enoch kwa mikono iliyozoea kuangusha nguruwe wa kilo mia mbili na hakuweza kumsogeza hata inchi, na Enoch akavuta, akavuta, kifua kikitanuka mpaka vifungo vya shati vikaruka, na chumba chote kikanuka kitunguu, tumbaku na kaburi, hadi kibofu kikabaki kimenywea mkononi mwake kama soksi iliyolowa.

Harufu ikakatika hapo hapo.

Enoch akasimama. Akasimama kwa miguu yote miwili, wima, akachuchumaa, akainuka, wepesi kama mtoto.

Pilling akajifuta jasho kwa aproni. "Sijawahi kuona hivi," akasema. "Lakini mwone. Kapona."

Selina akamrukia shingoni. Mikono ya mumewe haikumshika. Ilimtoa taratibu, kwa adabu, ikamweka mbali kidogo, kisha ikavua kofia na kuishikilia kifuani, kama mgeni anavyofanya kwenye nyumba ya watu. Sauti ilipotoka ilikuwa nzito, ya kifuani, sauti ya mtu aliyezoea kupigia kelele mabeki wake toka golini.

"Samahani, shemeji, nimeingia bila hodi. Enoch yuko wapi?"