Majani ya Shebughe

Zama zile watawala wa milimani walikuwa wameanza kuuza watu ili wapate baruti, na baruti ikawapa nguvu ya kukamata watu zaidi. Ndipo aliporudi Kwemhafa mzee mmoja mwenye kuchechemea, kajifunga kaniki iliyochakaa, mkononi ana fimbo ya kuchungia mbuzi. Hakuna aliyejishughulisha naye. Jina lake lilikuwa Shebughe, na katika kila ua aliopita alikuta watoto wanaliimba jina hilohilo.

Ajabu, eeh? Lakini Shebughe wa nyimbo hakuwa mtu wa kuchechemea. Zamani hizo, yeye na wenzake walipokimbilia msituni na kuanza kuivamia misafara ya Zumbe, mtawala wa huko, kuwakata kamba mateka na kuwagawia wanyonge chumvi na nguo, wapagazi ndio waliotangulia kusimulia. Wakasema ni mrefu. Wanawake wa mtoni wakamwongezea sauti ya kutikisa mabonde. Zumbe aliyefuata, alipoona jina hilo halizimiki, akamwamuru manju wake aimbe kwamba Shebughe alikuwa damu ya kifalme, mpwa aliyekosana kidogo tu na mjomba wake. Mwisho wakasema hakufa wala hakushindwa: aliingia ndani ya jani la mgomba akatoweka. Mtu mwenyewe alikuwa mfupi, mfua majembe, na tangu utotoni alikuwa akiogopa nyoka kupita kiasi.

Alimkuta binti yake Namkunda uani anapepeta ulezi. Namkunda alitazama ule mkono uliokosa kidole cha kuvutia upinde, ungo ukamponyoka.

"Baba?"

"Usipige kelele, mwanangu. Nimechoka kulala kwenye mazizi ya watu. Nimekuja kufia nyumbani."

Namkunda alimshika miguu akalia, na kilio kile hakikuwa cha furaha. Alimweleza yote. Askari wa Zumbe walikuwa wamezoa watu wa bondeni, wamewafunga ndani ya boma, na kesho msafara utawapitisha Mlango wa Ngwelo, upenyo wa miambani, kwenda pwani. Binti wa Namkunda mwenyewe, mjukuu wa Shebughe, yumo. Kilua, kaka wa binti huyo, amewakusanya vijana wenzake wakaizuie njia.

"Wana silaha gani?"

"Pinde, baba. Na wanashona majani."

"Majani gani?"

"Ya mgomba. Makavu. Kama yale mliyovaa nyinyi, risasi zisiwaingie."

Mzee alikaa chini palepale kwenye pumba za ulezi. Alicheka kidogo, kisha uso ukamharibika.

"Namkunda, tulivaa majani kwa sababu ya mvua. Tulikuwa tunalowa."

Vijana walikuwa nyuma ya migomba ya jirani, kila mmoja na sindano ya mfupa mkononi, wamechangamka utadhani wanajiandaa kwa ngoma ya mavuno. Kilua alisimama mama yake alipoingia na yule mgeni. Alikuwa kijana mwenye adabu, mabega mapana, podo mpya begani.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mjukuu wangu. Vua hayo majani."

Wakaangua kicheko wote. Namkunda alipaza sauti: "Msicheke! Kilua, huyu ni babu yako. Ndiye Shebughe mwenyewe."

Kicheko kilikatika. Walimtazama toka unyayo hadi mvi, wakautazama mguu anaouburuta, wakatazamana. Kilua alisema polepole, kama mtu anayemhurumia mamaye, "Mama, wewe mwenyewe ulinilaza kwa hadithi yake. Ulisema aliingia kwenye jani."

"Nilitaka ulale, mwanangu! Ulikuwa mtoto, unamlilia babu usiyemjua. Ningekwambia nini?"

Shebughe aliketi juu ya gogo akawaeleza, bila kuremba. Bunduki ya gumegume hailii ikilowa. Walikuwa wakingoja masika, wanalala kwenye tope hadi baruti ya askari inageuka uji, ndipo wanashuka na sime. Hakukuwa na ujanja mwingine. Kiangazi kilipofika Zumbe aliuchoma msitu, na bunduki zikalia vizuri sana. Mkewe alianguka mtoni. Rafiki yake Sekasua aliuawa akiwa amevaa majani yake, tena yaliyoshonwa vizuri kuliko haya. Yeye mwenyewe alitambaa hadi tambarare, risasi ikiwa nyongani, na nyongani imo mpaka leo.

"Shebughe hakushindwa," kijana mmoja aliyeitwa Shelukindo alifoka.

"Nilishindwa, mwanangu. Nilishindwa vibaya."

"Ametumwa na Zumbe huyu! Tumfunge!"

Kilua aliinua mkono wakanyamaza. Alichuchumaa mbele ya mzee, na kwa kitambo kidogo macho yake yalikuwa ya mtoto anayetaka kuamini.

"Haya, babu. Tuseme ndiwe. Mvua iko mbali, na mdogo wangu yuko kwenye kamba. Kesho anapita, harudi tena. Tufanye nini?"

Mzee alitazama mbingu. Ilikuwa nyeupe kwa jua, hakuna hata wingu la kudanganyia. Alifikiri kwa nguvu zake zote, akageuza njia hii na ile, na kila njia iliishia kwenye mdomo wa bunduki.

"Sijui," alisema.

Kilua alisimama. "Shebughe angejua," alisema bila hasira, akarudi kwenye kushona. Wakamfunga mzee kwenye nguzo ya ghala.

Alfajiri, vijana walipokwisha kuondoka, Namkunda alimkata kamba. Hakumuuliza anakwenda wapi. Shebughe aliokota joho moja la majani lililoachwa kwa kuchanika, akajivika, akapita kijia cha nyani anachokijua yeye, nyonga inamuuma mpaka machozi yanamtoka. Alikuwa na wazo moja tu, na halikuwa zuri: wasioamini maneno huenda wakaamini macho. Wakimwona mtu mwenye majani anapigwa risasi na kuanguka, watarudi kwa mama zao. Binti wa kwenye kamba atapotea. Hilo alilijua, na alilia kwa ajili yake njia nzima. Lakini angalau abaki mmoja.

Jua lilikuwa limeshachomoza msafara ulipofika Mlango wa Ngwelo. Kirangozi alitangulia na njuga zake miguuni na joho jekundu, nyuma yake askari wenye magumegume, kisha wale waliofungwa shingo kwa shingo. Shebughe alimtambua mjukuu wake kwa kufanana kwake na marehemu bibi yake. Juu ya mwamba aliona majani yakitikisika, na hapakuwa na upepo. Wapo. Wanaona.

Akatoka, akasimama katikati ya njia, akanyoosha mikono.

Bunduki ilipolia alianguka chali, joho likamfunika uso. Alisikia askari wakipiga kelele, wengine wakishindilia baruti, wakijipanga kutazama miambani, maana sasa walijua kuna watu. Juu hakukusikika kitu. Wamerudi, alijiambia, na moyo wake ukatulia. Ee Mola, wamerudi.

Kisha pembe ikalia juu ya mwamba, na sauti ya Kilua ikafuata, ya kijana asiye na shaka hata kidogo: "Majani yamemkataa mwongo! Shukeni!"

Mzee alitaka kusema neno. Hakujaliwa. Bunduki zililia vizuri sana, kwa kuwa baruti ilikuwa kavu.

Shelukindo peke yake ndiye aliyerudi, na ndiye aliyesimulia. Manju akaupokea wimbo akautengeneza. Sasa ndani yake yumo kizee msaliti aliyejivika majani bila haki ili awashtue maadui, yakamuua. Kilua na wenzake hawakufa, la hasha. Shebughe aliwachukua wakaingia wote ndani ya majani. Huyo binti wa kwenye kamba hatajwi.

Hilo ndilo lililohifadhiwa. Namkunda alizeeka nalo.

Siku moja masika yalipoanza, watoto wa jirani walikimbilia kibarazani kwake. "Bibi, tuhadithie Shebughe!"

Akaweka ungo chini. "Alikuwa mfupi," alisema. "Alifua majembe. Alikuwa akiogopa nyoka. Alivaa majani kwa sababu mvua ilikuwa inanyesha."

Watoto walingoja. Alipouchukua tena ungo wake, mkubwa wao alisema kwa upole, "Siyo huyo, bibi. Tunamtaka yule mwingine."

"Mwingine simjui."

Wakaaga kwa heshima, wakakata majani ya mgomba wake wakajifunika wasilowe, wakaenda mbio nyumba ya pili kwa mzee Shelukindo, anayeijua hadithi vizuri.