Mashine Haitoi Hamsini

Kila Jumatatu hela ilikuwa inatoka kwenye akaunti ya Severini, na nyumbani kwake Bigwa hapakuwa na mtu aliyekiri kuitoa. Ilitoka kiasi kilekile kila wiki, shilingi elfu tisa mia nane na hamsini. Godfrey, mwanawe wa darasa la sita, alijua inakokwenda. Alinyamaza.

Severini alifanya biashara ya ndizi. Alizinunua Matombo, kwenye milima ya Uluguru alikozaliwa, akazipakia kwenye Kenta, lori dogo la kukodi, na kwenda kuziuza Dumila, pale njia panda. Wateja wake wakubwa walimlipa kwa njia ya benki. Safarini alibeba kitochi tu, simu ndogo ya vibonyezo, maana Dumila alishaibiwa simu. Simu yake kubwa, ile iliyopokea meseji za benki, aliiacha kabatini pamoja na kadi ya benki ndani ya kopo la biskuti.

Mtu aliyeruhusiwa kuichukua kadi ile mwenyewe akiwa hayupo alikuwa Kondo, mtoto wa marehemu dada yake, wa darasa la saba, aliyeishi nao. Severini alimpa hata namba ya siri. Kukiwa na mchele wa kununua, Kondo alitembea mpaka mjini kwenye ATM, akarudi na noti na kikaratasi chake. Kwa desturi ya Waluguru, mtoto wa dada ndiye wa ukoo. Shamba la migomba la Severini kule Matombo lingekuja kuwa la Kondo, si la Godfrey. Jambo hilo Godfrey hakufichwa. Mama yake alilisema kila alipokasirika, na alikasirika mara nyingi.

Balaa lilianza mwezi wa saba. Godfrey aliichukua simu ya baba yake akapakua gemu ya mpira. Iliandikwa kwamba siku za mwanzo kucheza ni bure, lakini ikataka namba za kadi. Akafungua kopo, akaandika namba zote za mbele na zile tatu za nyuma. Benki ikatuma namba ya kuthibitisha, ikaingia kwenye simu hiyohiyo aliyoishika. Akaiandika pia. Roho yake ilifurahi. Kondo alikuwa na ruhusa ya kadi, naye sasa amejipa ya kwake.

Jumatatu meseji ikaingia kwamba kadi imelipa. Godfrey aliisoma. Aliifuta meseji, akaifuta na gemu yenyewe, akaona yamekwisha. Jumatatu iliyofuata ikaingia meseji nyingine. Akaifuta nayo. Ikawa ndiyo kazi yake ya Jumatatu, akitoka shule kabla hajavua viatu.

Mwezi wa tisa, Ijumaa moja jioni, Severini alirudi kutoka mjini ameshika kikaratasi cha ATM. Alikuwa mtu wa kuhesabu kichwani, na hesabu zake hazikuwa na mchezo.

"Kondo!"

"Naam, Mjomba."

"Pungufu hapa ni elfu sitini na nane, mia tisa na hamsini. Makato ya benki nayajua, nimeshayatoa. Ziko wapi?"

"Sijui, Mjomba."

"Hujui? Namba ya siri anayo nani humu ndani? Anayo kuku?"

"Nilichotoa ni kile ulichonituma. Vikaratasi vyote ninavyo."

Mama Godfrey alikuwa anasonga ugali. Hata kugeuka hakugeuka. "Ameanza kula urithi kabla mwenye mali hajafa," alisema. "Si mlisema huyu ndiye mtu wa ukoo? Mtu wa ukoo huyo, mmuone."

Kondo alikikodolea macho kikaratasi mkononi mwa mjomba wake. "Mjomba, umesema mia tisa na hamsini?"

"Nimesema."

"Mashine inatoa noti tupu, za elfu tano na za elfu kumi. Haitoi hamsini. Ningewezaje kuitoa mimi hiyo?"

Lilikuwa neno la kweli, na lingetosha kama pale pangekuwa na mtu wa kusikiliza. Severini alisikia jeuri tu. Alimpiga kofi la sikio la kushoto kwa kiganja kilichozoea kubeba mikungu ya ndizi, na Kondo alipoinuka akampiga lingine palepale. Kisha akachukua fimbo. Godfrey alisimama mlangoni mwa jiko. Maneno aliyotakiwa kuyasema yalikuwa mafupi, hata mtoto wa chekechea angeyamudu. Alitazama mpaka fimbo ikavunjika.

"Kesho unarudi kwa bibi yako," Severini alisema huku akihema.

"Mjomba, Jumatano tunaanza mtihani."

"Mwizi hana mtihani."

Asubuhi Kondo alitoka na begi lake. Sikio lilikuwa limevimba na lilitoa majimaji. Watoto wa jirani walishapata habari, maana Mama Godfrey alikuwa amezitangaza dukani tangu kulipokucha.

"ATM hiyo inapita!" mmoja alipiga kelele. "Kondo, tukubonyeze wapi?"

"Mbonyeze pua, atoe elfu kumi!"

Wakacheka. Godfrey naye akacheka, kwa sauti kuliko wote. Kondo alisimama mbele yake, akamgeuzia sikio la kulia kama mzee asiyesikia vizuri.

"Godi, ile gemu yako ya mpira. Ulisema ni ya bure?"

"Ya bure."

"Una hakika?"

"Nenda zako, mwizi wewe."

Kondo akaenda.

Baada ya hapo Severini alikoma kuacha simu nyumbani. Jumatatu alikuwa nayo mfukoni Dumila, anashusha ndizi, ilipolia. Aliisoma meseji, akaisoma tena. Kadi imelipa elfu tisa mia nane na hamsini. Kadi yenyewe ilikuwa kwenye mfuko wa shati lake, na Kondo alikuwa Matombo tangu Jumamosi. Severini alikalia mkungu wa ndizi pale barabarani.

Jumatano asubuhi alikwenda benki mjini. Alimchukua Godfrey ili amsaidie mambo ya simu. Njiani walipita shule ya Godfrey na Kondo. Darasa la saba walikuwa wamejipanga mstari kuingia kwenye mtihani.

Aliyewahudumia aliitwa Hafidha, mama wa makamo aliyejifunga ushungi wa kijivu.

"Shikamoo, mama," Godfrey alisema.

"Marahaba." Hafidha alichapa taarifa ya akaunti, akaipitishia kalamu. "Mzee Severini, hizi hapa ni hela zilizotolewa kwenye ATM. Zote ni noti kamili. Unazitambua?"

"Nazitambua. Niliagiza mwenyewe."

"Sasa tazama hizi. Kila Jumatatu, kiasi kilekile, na jina la kampuni ya nje ya nchi. Hizi hazikutolewa na mtu kwenye mashine. Ni malipo yanayojikata yenyewe. Kuna mtu aliandika namba za kadi yako mahali, akakubali ikatwe kila wiki. Hii ni kampuni ya gemu za simu. Simu yako anaichezea nani?"

Severini alimgeukia mwanawe. Godfrey alitazama miguu yake.

"Ni mimi," alisema. "Lakini niliifuta, baba. Gemu niliifuta siku nyingi!"

"Ulifuta picha kwenye kioo," Hafidha alisema. "Makubaliano ya kukata hela hukuyafuta. Mpaka uingie kule ulikojiandikisha uyasitishe, au mwenye kadi aje hapa tuifunge. Na meseji za benki zilikuwa haziji?"

"Zilikuja. Nilizifuta."

Hafidha aliiweka kalamu mezani. Kisha aliwaeleza yanayofanyika. Kadi ikafungwa palepale. Severini akajaza fomu ya kupinga malipo, akaweka alama kwenye makato yote asiyoyatambua, akaandika tarehe zake. Benki ingeiandikia kampuni. "Ila nisikudanganye," Hafidha alisema. "Mtoto wako alikubali kwa kadi yako na kwa namba iliyotumwa kwenye simu yako. Kampuni inaweza kukataa. Ungekuja meseji ya kwanza ilipoingia, tungekata mzizi siku ileile. Taarifa hii ni haki yako kila mwezi, mzee. Uliwahi kuiomba?"

"Sijawahi."

"Basi uwe unaiomba. Ukiona jina usilolijua, njoo uulize. Usimuulize mtoto kwa fimbo."

Hakuna aliyekuwa amemtajia habari za fimbo. Aliisoma kwenye uso wa Severini.

Alhamisi baba na mwana walifika Matombo. Barabara ilikuwa mbovu. Walimkuta bibi, mama mzazi wa Severini, akimenya ndizi mbichi mlangoni, na Kondo amelala mkekani ndani, homa imempanda, pamba sikioni.

"Shikamoo, mama," Severini alisema.

Bibi alimenya ndizi mbili kabla ya kuitikia. "Marahaba. Umeleta fimbo nyingine?"

Severini alipiga magoti kwenye vumbi, mtu mzima na suruali yake ya kwendea benki, akaeleza yote. Godfrey akasimulia sehemu yake, mpaka pale alipocheka njiani. Hakuacha kitu. Alipomaliza alimfuata Kondo ndani.

"Nisamehe, Kondo."

Kondo alikuwa amelalia sikio la kulia. Alitazama midomo ya Godfrey ikicheza, akainua kichwa. "Unasema nini? Hamia upande huu."

Godfrey akazunguka mkeka, akarudia. Kondo alimsikia. Alirudi kulala, akajifunika kanga ya bibi.

Nje, bibi alikuwa amekiweka kisu chini. "Godfrey, njoo usikie, na baba yako asikie. Wewe ulikuwa na neno moja la kusema, hukulisema, kwa sababu mwenzako kupigwa kulikupendeza. Na wewe Severini ulikuwa na karatasi moja ya kusoma, hukuisoma, kwa sababu kupiga ni kwepesi kuliko kusoma. Mtoto alikwambia ukweli ukamnyamazisha kwa kofi. Kosa la mtoto wako lilikuwa dogo, la kurekebishwa kwa siku moja. Mlilikuza ninyi wawili, mmoja kwa kunyamaza na mwingine kwa mkono. Mtu akikosea aseme mapema. Na mwenye mali aitazame mali yake mwenyewe kabla hajamwita mtu mwizi. Kondo harudi Bigwa. Mwakani atarudia darasa hapahapa Matombo, na gharama za shule na matibabu utalipa wewe."

"Nitalipa, mama."

"Na shamba liko palepale lilipokuwa, mwambie mkeo. Nendeni."

Jumapili, nje ya kanisa kule Bigwa, Severini alisimama mbele ya majirani akasema Kondo hakuiba. Mama Godfrey alikuwa pembeni yake, uso chini. Watoto waliokuwa wakimwita ATM walisikiliza, kisha wakaenda kucheza.

Jumatatu iliyofuata simu haikulia. Mwezi wa kumi benki ikaleta jibu.

Hela yote iliyokatwa ilikuwa shilingi elfu sabini na nane na mia nane. Kampuni ilirudisha makato mawili ya mwisho, elfu kumi na tisa na mia saba. Elfu hamsini na tisa na mia moja zilipotea. Kadi mpya iligharimu elfu kumi na tano. Dawa na daktari wa masikio, elfu arobaini na sita. Mwaka mmoja wa shule wa Kondo. Na sikio lake la kushoto, ambalo daktari alisema halitasikia tena.