Mkia wa Pearl

Haya yalimpata rafiki yangu Orville, mtunza tembo wa sarakasi kule Wisconsin, majira yale ya baridi aliyokufa tembo Duchess, aliyezoea kutembea nyuma ya tembo mwenzake Pearl akiushika mkia wake kwa mkonga.

Jioni moja Orville alikuwa akimrudisha Pearl kutoka mtoni. Mazoea yana taabu, akapaza sauti, "Shika mkia!"

Mpishi wa sarakasi akacheka mlangoni mwa jiko. "Aushike nani, Orville? Labda wewe!"

Orville akachukua taa, akamwongoza Pearl. Wakaingia bandani, gizani. Mnyororo wa mguuni mwa Pearl ulilia sakafuni, kisha ukalia mwingine nyuma yake, polepole.

Akainua taa. Nyuma ya Pearl hapakuwa na kitu, lakini mkia wake ulikuwa umenyooka, umekazika kama kamba inayovutwa.

"Achia," Orville akanong'ona.

Mkia ukaanguka.