Vifaranga wa Zambarau

INATANGAZWA kwa wakazi wote wa Kitongoji cha Juu kwamba vifaranga wanne wa rangi ya zambarau, mali ya Mama Magdalena, wametoweka. Mtuhumiwa ni kipanga. Kikao ni Jumamosi, saa tatu asubuhi. Wenye manati waje nazo.

Tangazo hilo, lenye mhuri na sahihi ya Mwenyekiti, Bwana Ernest, lilibandikwa kwenye mlango wa ghala la kabichi. Daraja la kitongoji lilipobomoka, hakuna aliyebandika chochote.

Magdalena, mwanafunzi wa darasa la sita, alilisoma Ijumaa alfajiri akienda kuchota maji, kama ilivyokuwa kawaida yake kabla ya kushuka shuleni. Kazi yake ya jioni ilikuwa moja tu: kufunga banda la kuku. Jumatano alinogewa na mchezo wa rede, akasahau. Kesho yake mama alipohesabu vifaranga, Magdalena alijibu upesi, "Kipanga, mama! Nilimwona jana." Ulikuwa uongo mdogo. Sasa ulikuwa na mhuri.

Na kipanga aliyejulikana na kila mtu pale alikuwa mmoja, Karani, aliyeokotwa na Babu Anselmi akiwa amevunjika bawa. Alipewa jina hilo kwa kuwa alikaa kutwa nzima akitazama watu bila kuwahudumia. Kwa miaka ishirini mzee huyo alikuwa akitibu tai, bundi na vipanga waliopigwa mawe, akiwafundisha kuruka upya kwa kamba ndefu na kipande cha nyama alichokishika kwa glavu ya ngozi. Kwa miaka hiyo hiyo ishirini aliwaeleza majirani kwamba kipanga hula panya wanaomaliza karoti zao. Walimsikiliza kwa adabu, kisha wakarudi kuokota mawe. Karani alikuwa aachiliwe Jumapili.

Jumamosi mzee alifika kikaoni na Karani juu ya glavu.

"Mzee wetu, tunakuheshimu," alianza Mwenyekiti, "lakini ndege wako amekula kuku wa watu."

"Ndege wangu amefungwa kamba mguuni tangu Pasaka."

"Kamba hufunguliwa."

"Na nani, Ernest? Na yeye mwenyewe?"

"Basi ni ndugu yake," alidakia kijana Geofrey, akiijaribu manati yake. Watu wakaguna kukubali.

"Kaka yako alipoiba baiskeli, Geofrey, ulipigwa wewe?" Mzee alishusha pumzi. "Ernest, haya nilikueleza ungali unavaa kaptula. Leo una mhuri, na bado nakueleza."

Akafungua gazeti lililokunjwa. Ndani mlikuwa na madonge makavu ya kijivu.

"Kipanga hutapika manyoya asiyoweza kuyasaga tumboni. Haya ni ya Karani, ya wiki nzima. Magdalena, mjukuu wangu, wewe ndiye shahidi. Mama yako aliwapaka vifaranga ile dawa ya zambarau ya vidonda, sivyo?"

"Ndiyo, babu." Ilikuwa desturi ya kitongoji kizima. Iliaminika kwamba kipanga huiogopa rangi ile.

"Basi yapasue. Tafuta zambarau."

Magdalena akapasua la kwanza: manyoya ya panya. La pili: manyoya na ukucha. La tatu, la nne. Zambarau haikuwapo.

"Ulimwona saa ngapi?" mzee aliuliza.

"Giza... giza lilikuwa limeshaingia."

"Kipanga hulala mapema kuliko wewe, mjukuu wangu."

"Ameyaficha tu huyu," alisema Geofrey, na kuweka jiwe kwenye manati. Karani aligeuza kichwa, akamtazama Magdalena.

"Sikumwona!" Magdalena alisema kwa sauti iliyokatika. "Sikufunga banda. Nilikuwa nacheza rede."

"Magdalena!" mama yake alimaka. "Nimekupa kazi ngapi? Moja!"

Wote wakaenda bandani. Manyoya ya zambarau yalianzia mlangoni, yakafuata matuta ya kabichi, yakavuka kijito hadi kwenye shimo la kicheche, ambaye huwinda usiku na hajali rangi. Geofrey alitia manati mfukoni bila kuomba radhi.

"Bawa naweza kuliunga kwa wiki sita," Babu Anselmi alimwambia Magdalena. "Neno likishatoka, siijui dawa yake. Ukikosea, sema siku hiyo hiyo, kabla asiyeweza kujieleza hajabebeshwa kosa lako."

"Nisamehe, babu."

"Njoo kesho. Utaifungua kamba wewe."

Jumapili, baada ya misa, Magdalena aliifungua. Karani alizunguka mara mbili juu ya karoti, akapotea upande wa msitu. Jioni msichana alifunga banda, akarudi kulihakikisha.

Jumatatu tangazo jipya lilibandikwa juu ya lile la zamani:

INATANGAZWA kwamba kikao kimejiridhisha kuwa mhusika ni kicheche. Hata hivyo, shimo lake liko ng'ambo ya kijito, katika kitongoji jirani. Kwa hiyo jalada limepelekwa huko, na hapa suala limefungwa. Vipanga wote wataendelea kuwa chini ya uangalizi.