Swichi ya Mutindi

Mikono miwili ilishika waya mmoja wa USB kwenye duka la vifaa vya umeme mjini Machakos, siku ya soko. Mmoja ulikuwa wa Yasser, kijana wa kanzu iliyopigwa pasi na asiyejua kutulia. Wa pili ulikuwa wa Mutindi, fundi wa simu, aproni ya buluu na penseli ndani ya nywele. Waya ulikuwa wa mwisho.

Mutindi aliuachia kwa sharti moja, aone utatumika wapi. Yasser alikuwa na leseni ya redio ya mawasiliano, na alikuwa akiunda kisanduku cha kuiunganisha na kompyuta, ili kompyuta ichague masafa na kubonyeza kitufe cha kuongea. Mutindi alikikagua, akamwambia aweke swichi ya kukizima, maana kompyuta ikiwashwa inaweza kubonyeza kitufe hicho yenyewe. Yasser alisema ataweka kesho. Haraka haraka haina baraka, lakini nani amwambie mtu anayependa? Kufikia mwezi wa tatu wa mapenzi yao alikuwa amempa Mutindi redio ndogo ya kusikiliza, na kila jioni Mutindi alimsikia akisalimia dunia, moyo ukimwenda mbio.

Jumapili moja mchana, Mutindi akiwa nyumbani kwao Mumbuni, redio hiyo ilianza kutoa sauti ghafla. Haikuwa salamu. Dada yake Yasser, Nuha, alikuwa akimuuliza yule msichana wa Kikamba ni nani kwake.

"Mutindi? Ni fundi tu. Ananisaidia na hii redio."

Mutindi alizima redio, kisha simu. Siku nne Yasser alipiga, hali wala halali. Siku ya tano Justus, mwenzake wa redioni, alimweleza kwa upole kwamba Jumapili kisanduku chake kilirusha mazungumzo ya nyumbani hewani, na wote walisikia.

Yasser alikimbia hadi kibanda cha ufundi cha Mutindi, kisanduku kwapani.

"Niliogopa watu wa nyumbani, mpenzi. Leo nimewaambia ukweli. Mama amenuna, lakini amejua."

"Kunikana ulinikana hewani," Mutindi akasema.

Alilehemu swichi kwenye kisanduku bila kumwangalia. Kisha wakaenda kwa Yasser, na Mutindi akaiwasha mwenyewe.

"Sasa sema."

Yasser akasogelea maikrofoni. "Justus, na wote mnaosikiliza. Mutindi si fundi tu. Nampenda, na niko tayari kumuoa akinikubali."

"Tumekupata," Justus akajibu. "Tunangoja jibu."

Mutindi akazima swichi.

"Jibu si la Justus," alisema, machozi yakimlenga. "Nimekubali. Lakini utaleta kwa baba mbuzi wa ntheo, wale wa kuposa kwetu Ukambani, na usiniambie kesho."