Moto wa Mchana Kweupe

Simu ililia mara mbili, ikanyamaza, ikalia tena.

"Mbolea inanuka," sauti ilisema.

"Tangu lini?" aliuliza Royce Tibbets, mkuu wa usalama; maneno yale ya siri yalimaanisha jasusi yumo kiwandani.

"Picha za pampu zinatoka leo, kabla ya saa sita mchana. Zikivuka geti, tumekwisha."

Simu ikakatwa.

Tibbets alipapasa bastola yake, Colt, chini ya koti, akatoka juani. Ilikuwa Julai 1958, Florida, na shati lilikwisha kumganda mgongoni. Mjini watu waliamini hiki ni kiwanda cha mbolea. Ukweli ni kwamba kilitengeneza haidrojeni, ikapozwa hadi nyuzi 253 chini ya sifuri ikawa kimiminika. Mwaka 1898 mtaalamu mmoja London alipata kikombe kimoja tu, na wenzake wakashangaa. Hapa ilitoka kwa tani. Watu wa roketi walikuwa wakiiota kwa nusu karne, ila pampu ya kuisukuma ndiyo iliyowatoa jasho. Sasa pampu ipo, na kuna mtu anauza siri yake.

Tibbets alipachukia mahali hapa. Miaka miwili nyuma, mwenzake Lyle Pruitt aliungua kati ya mabomba haya, mchana kweupe, na hakuna aliyeuona moto wenyewe. Moto wa haidrojeni hauonekani. Ripoti ilisema Pruitt alifanya uzembe wake mwenyewe, akapita bila ufagio wa kupimia njia.

Tangu siku ile, bomba likifoka tu, Tibbets humsikia.

*Naweza kupita, Royce?*

Alimkuta Odell Stackhouse, msimamizi wa mabomba, akinywa kahawa.

"Odell, nifungulie bomba la hewa. Hewa tupu. Nataka kelele."

"Uwatie watu kiwewe hivi hivi? Wewe bosi una roho mbaya."

"Fungua."

Sssss!

Mafundi kumi na wawili waliganda. Kisha kila mmoja akanyoosha mkono bila hata kutazama, akashika ufagio wake wa mabua. Ndivyo walivyotembea watu wa pale: ufagio mbele, mtu nyuma. Mabua yakishika moto, unajua ulipo.

Mmoja hakushika kitu.

Merrill Haskew, mkaguzi mpya, aliyejigamba kwamba amekula miaka tisa na haidrojeni kule Ohio, alikuwa akigeuza shingo huku na huku. Aliutafuta moto kwa macho.

Macho yake yakakutana na ya Tibbets.

Haskew alitimua mbio.

Tibbets alinyakua ufagio, akakata kushoto nyuma ya matangi. Redio ya Motorola ilikoroma kiunoni, mlinzi akiita.

"Kuna gari, Studebaker, nje ya geti la nyuma. Injini inanguruma."

"Izuieni. Huyu niachieni mimi."

Alitokea kwenye uchochoro wa mabomba, geti likiwa mgongoni kwake. Haskew alikuwa hatua ishirini mbele yake, bastola mkononi.

Paa!

Risasi ilimkosa Tibbets. Ikagonga kiungo cha bomba katikati yao, na bomba likaanza kufoka. Safari hii haikuwa hewa.

Tibbets alinyoosha ufagio. Hatua moja, salama. Ya pili, ncha za mabua zikasinyaa, zikafuka moshi. Alirudi nyuma haraka na kuyakanyaga.

Haskew alicheka. "Umekuja kunifagia, mzee? Toka njiani!"

Alianza kuja.

Tibbets hakuhitaji kufanya lolote. Angenyamaza tu. Hatua kumi zaidi, na Haskew angeteketea pamoja na picha zake, na wakubwa wangempongeza.

*Naweza kupita, Royce?*

Siku Pruitt alipouliza hivyo, Tibbets alikuwa na haraka. Hakupima njia. Alimjibu Pruitt neno moja: pita. Kisha akaweka sahihi kwenye ripoti iliyomlaumu marehemu.

"Simama!" alipiga kelele. "Haskew, kuna moto mbele yako!"

"Uko wapi? Mimi si mtoto!"

Tibbets aliurusha ufagio. Ulipita hewani kati yao, ukalipuka wote, ukaanguka miguuni pa Haskew ukiwa unawaka kama kuni.

Haskew alitazama ufagio. Akatazama hewa tupu alipotaka kukanyaga. Bastola ikamponyoka, akakaa chini.

Odell alikwisha kufunga vali kuu. Tibbets alingoja, akapima njia kwa ufagio mwingine, akamtia Haskew pingu. Alipompekua, kamera ndogo ya Minox ilikuwa ndani ya soksi yake.

"Kwa nini umeniambia?" Haskew alinong'ona.

Tibbets alimshika mkono, akamwinua.

Redio ilikoroma kwa sauti ile ya simuni. "Picha?"

"Ninazo."

"Na mtu wao?"

"Mzima."

"Mzima? Basi kazi safi. Wakubwa wanakuja kukupa mkono."

Alizima redio, akamkabidhi Odell mfungwa na kamera, akafunga vifungo vya koti lake taratibu.

"Wapi tena, bosi? Wakubwa hao wanakuja!"

"Kwa mjane wa Pruitt."

"Kumwambia nini, baada ya miaka miwili?"

"Kwamba Lyle hakufanya uzembe. Aliniuliza njia."

Odell alivua kofia. Tibbets aliingia kwenye Ford yake, akatoka getini bila kuharakisha.