Fomu ya Kiangazi

Duka la fotokopi lilikuwa limefurika watu, na mashine moja kati ya mbili ilikuwa imegoma. Makarani na wanafunzi walibanana kwenye kaunta. Katikati yao alisimama msichana aliyevaa gauni la maua na mabuti ya mpira yenye tope hadi magotini, wala hakuona ajabu yoyote.

"Samahani, dada," kijana mmoja wa shati jeupe alimwambia. "Umechukua karatasi zangu. Na hizi zako... 'Vyura waliosikika: arobaini na mmoja.' Unafuga?"

"Nahesabu."

"Unahesabu vyura?"

"Wengine wanahesabu siku za mshahara, mimi vyura. Nipe karatasi zangu, kaka, unazishika kama unapepea mkaa."

Kijana alicheka mpaka mwenye duka akageuka. Aliandika ripoti za mazingira kwa kampuni moja ya washauri, na wenzake walimwita Kalamu. Msichana naye aliitwa Sikio, alifanya kazi idara ya hifadhi, na jina hilo alilipata kihalali. Aina ya chura aliyoilinda Sikio ilikuwa ndogo kama ukucha wa kidole gumba, haionekani, husikika tu. Ilikuwa imebaki katika kinamasi kimoja, nyuma ya gereji ya mabasi.

Kanuni ilitaka kila hesabu isikilizwe na watu wawili. Kila mmoja aandike namba yake bila kumchungulia mwenzake, kisha wote watie sahihi. Msaidizi wa Sikio alikuwa amehamishwa. Unajua tena mapenzi, yakikosa mlango hata dirishani huingia. Kalamu akawa sikio la pili.

Masika yote, jioni baada ya kazi, walikaa juu ya tairi kuukuu pembeni ya maji.

"Umepata wangapi?"

"Thelathini na saba. Wewe?"

"Thelathini na wanane."

"Huyo mmoja ni tumbo langu, laazizi," Kalamu alisema. "Nina njaa."

Shangazi yake Sikio, fundi cherehani aliyemlea, hakupendezwa. "Wenzio wanapelekwa kula vizuri, wewe unampeleka mtoto wa watu matopeni?"

"Shangazi, mwanamume anayevumilia mbu kwa ajili yangu ananipenda."

Shangazi aliguna tu, na mguno wake ulikuwa na maneno mengi.

Kiangazi kilipofika, vyura walijifukia kwenye tope wakanyamaza, kama ilivyo desturi yao. Lakini fomu hujazwa kila mwezi. Wiki hiyo Kalamu alibanwa na kazi, kwa hiyo Sikio alikwenda na mlinzi wa gereji. Wakasikiliza, wakaandika sifuri, na chini kabisa Sikio akaongeza kwa mkono: "Wamelala. Wahesabiwe tena mvua ikianza."

"Kwa hiyo wamekwisha?" Kalamu alimuuliza kwenye simu.

"Hawajaisha, mpenzi, wamelala."

"Kama wewe Jumapili asubuhi."

Walicheka. Kisha Kalamu akaomba aazimwe faili la kinamasi, eti anataka kujifunza. Sikio alimpa kesho yake, na busu juu, naye akalirudisha baada ya siku mbili.

Mwezi haukuisha, bango likasimikwa kwenye uzio: kinamasi kitafukiwa, kituo cha mabasi kipanuliwe. Sikio alikimbilia ofisi ya jiji, akaomba ripoti ya mazingira. Jaladani palikuwa na jina la kampuni ya Kalamu. Ukurasa wa kumi na tisa ulisema, "Vyura: sifuri." Nyuma yake kulikuwa na kopi ya fomu ya kiangazi, yenye sahihi yake. Mstari wa chini haukuwepo. Mahali pake palikuwa na weupe wa kikaratasi kilichowekwa juu wakati wa kutoa kopi. Alikaa kwenye ngazi, akampigia Kalamu simu.

"Mpenzi wangu, nilitaka kukueleza..."

"Nani alifunika mstari wa mwisho?"

"Bosi alisema—"

"Sikuulizi bosi alisema nini. Mkono uliofunika ulikuwa wa nani?"

"Wangu. Nilikuwa nafukuzwa kazi, laazizi. Nilifikiri nikipandishwa cheo, nitakuoa."

"Yaani unichomee nyumba upate mwanga wa kuniposea?"

Alikata simu, akalia pale pale watu wakimruka. Kikulacho ki nguoni mwako, na hiki alikivaa mwenyewe. Nyumbani shangazi hakusema "nilikwambia." Alizima cherehani, akamkumbatia.

Siku ya kikao cha jiji cha kusikiliza pingamizi lake, Sikio alivaa gauni lile lile la maua na viatu safi. Kalamu aliketi kando ya bosi wake, shingoni ana tai aliyochaguliwa na Sikio. Sikio aliweka mezani fomu za masika.

"Karatasi hizo yeyote anaweza kujiandikia," bosi alisema.

Mwenyekiti, mama wa makamo mwenye miwani, aliziinua. "Zina sahihi mbili. Hii ya pili ya nani?"

Sikio hakutaja jina. Alimtazama Kalamu tu.

"Kijana, ni yako?"

Bosi alikohoa. Kalamu alisimama. "Ni yangu, mama."

"Na vyura uliwasikia?"

"Niliwasikia. Mimi thelathini na saba, mwenzangu thelathini na wanane. Yeye ndiye asiyekosea."

Mwenyekiti aliamuru mtu asimwage hata toroli moja la kifusi hadi vyura wahesabiwe tena mvua ikinyesha.

Nje, Kalamu alimkimbilia. "Wamenifukuza sasa hivi."

"Pole."

"Nimesema ukweli, laazizi. Mbele ya watu wote."

"Umesema. Asante." Bado alimpenda, na hilo ndilo lililomuuma. "Nikuulize moja. Mama yule asingekuuliza, ungesimama?"

Kalamu aliinamia viatu vyake.

Kazi ya Sikio ilikuwa kutouamini ukimya. Kiangazi chote alikuwa amesimama mbele ya maji yaliyonyamaza, akijua yamejaa uhai. Kwa hiyo alimsubiri. Basi moja lilipita, likaja la pili, Kalamu bado anatazama viatu vyake.

"Nimesikia," Sikio alisema.

Akainama, akavua viatu vya kikao, akatoa mabuti mkobani, akayavaa, akashika njia ya kinamasini peke yake.